Kijiwe cha kwenye gemu: tunajuana sauti, hatujuani majina



Naomba nianze kwa kukiri jambo ambalo najua wengine mtalicheka. Mimi ni mama wa miaka thelathini na kitu, nina shahada yangu ya uuguzi, nafanya kazi wodini hapa London, na kila Jumanne usiku, nikiwa sina zamu, ninajifungia sebuleni, ninavaa hedifoni na kucheza gemu kwenye kompyuta. Siyo mwanangu anayecheza. NI MIMI. Shemeji yenu alishachoka kunishangaa, siku hizi ananiletea chai na kunifungia mlango.

Najua swali linalofuata: sasa hili limeingiaje kwenye jukwaa la siasa? Naombeni subira. Nina deni moja linalonisumbua tangu Oktoba 2025, na siwezi kulieleza bila kuanzia kwenye gemu.

Tulianza Novemba 2020. Mliokuwa Uingereza mwaka ule hamna haja ya kuhadithiwa. Kuanzia mwishoni mwa Machi watu walitoka milangoni kila Alhamisi saa 2 usiku kutupigia makofi sisi wahudumu wa afya. Ilipofika Novemba tumefungiwa ndani kwa mara ya pili, makofi yamekwisha, uchovu umebaki. Nilikuwa natoka wodini, naoga, nakula, halafu sina mtu wa kuongea naye ambaye hataniuliza habari za corona. Kumpigia mama simu ilikuwa zamu nyingine: yeye analia, na mimi nalia, mpaka bando linakata. Mdogo wangu wa Dar es Salaam ndiye aliyesema, "Dada, wewe pakua Among Us, tucheze. Utapumua."

Kwa wasioijua: Among Us ni gemu ndogo iliyotoka 2018, ikakaa bila kuvuma mpaka corona ilipowafungia watu majumbani. Mnakuwa watu kumi (tangu 2021 mnaweza kufika 15) ndani ya chombo cha anga. Kila mmoja ana kazi zake ndogondogo za kufanya, lakini kati yenu wamo wasaliti, mmoja hadi watatu, wanaoua wenzao kimyakimya. Maiti ikionekana, kikao kinaitishwa. Hapo watu wanatuhumiana, wanajitetea, wanasingiziana, kisha inapigwa kura na mwenye kura nyingi anatupwa nje ya chombo. Mdogo wangu husema hiyo ndiyo kura pekee aliyowahi kupiga akaona na hesabu yake kwa macho yake mwenyewe.

Kilichotufaa zaidi ni kwamba gemu lile halikubagua mashine. Mimi nilikuwa na kompyuta, ambako unalipa pesa kidogo mara moja. Mdogo wangu alitumia simu yake, bure. Desemba 2021 lilipoingia kwenye PlayStation na Xbox tukampata binamu yetu wa Gothenburg, Sweden, na shoga yangu niliyesoma naye chuo, ambaye yuko Minnesota na anaazima Xbox ya mwanawe mtoto akiwa shule. Kila mmoja na chombo chake, wote tumo ndani ya chumba kimoja.

Tatizo lilikuwa KUONGEA. Wakati ule gemu lenyewe lilikuwa na maandishi tu, na kuandika kwa kidole huku watu kumi wanakutuhumu ni shida. Kabla hujamaliza sentensi umeshatupwa nje. Kwa hiyo tukafungua chumba cha sauti kwenye Discord, programu iliyoanzishwa Marekani mwaka 2015 hasa kwa ajili ya wachezaji kuongea wakiwa mchezoni. Kwa sisi wa simu na kompyuta lilikuwa jambo rahisi. Wenye PlayStation na Xbox ndio waliopata taabu, maana kila kampuni ilikuwa na chumba chake cha mazungumzo na haikutaka kusikia habari za chumba cha jirani. Binamu alikuwa anacheza kwenye runinga, na simu ameiegemeza kwenye kikombe mezani, spika wazi. Tulimsikia yeye, tulisikia runinga yake, tulisikia na mkewe akimwambia atoe takataka.

Tulijiwekea sheria: wakati wa kazi kila mtu anazima kipaza sauti, kikao kikiitwa kila mtu anafungua, na ALIYEKUFA HASEMI. Binamu alikuwa anasahau kila wiki. Ameuawa, tumenyamaza tunafanya kazi, ghafla sauti inatoka kaburini: "Lakini jamani mimi nilimwona!" Siku hiyo hakuna tena mchezo, ni kicheko mpaka usiku wa manane.

Nataka mkumbuke kuta hizi za makampuni, maana nitazirudia. Kwa miaka mingi Sony ilikataa wachezaji wa PlayStation wasicheze na wa Xbox. Ilikubali kwa majaribio tarehe 26 Septemba 2018, kupitia gemu la Fortnite, baada ya wateja kupiga kelele dunia nzima. Discord nayo ilifika kwenye Xbox mwaka 2022, na kwenye PlayStation 5 Machi 2023. Binamu akanunua hedifoni, na mkewe akapata faragha yake. Kwa hiyo ukuta wa biashara unabomoka: wateja wakinuna, na pesa ikionekana upande wa pili, mwenye ukuta hutafuta nyundo mwenyewe.

Sasa niwaulize. Hiki tunachokifanya Jumanne ni kitu kipya? Mimi nasema hapana. Hiki ni kijiwe. Baba zetu walikuwa na kijiwe cha kahawa, na mbele ya kahawa palikuwa na bao, au drafti, au karata. Pale Jaws Corner, Mji Mkongwe, watu wamekaa miaka nenda rudi na kahawa na domino, na kila anayeijua Zanzibar anajua kinachozungumzwa pale si domino. Mwalimu Nyerere mwenyewe alikuwa mpenzi wa bao. Mzee akiulizwa anakwenda wapi jioni atasema "nakwenda kucheza bao". Hasemi "nakwenda kuijadili serikali". Lakini akirudi saa 3 usiku, atamweleza mkewe bei ya saruji, nani amefukuzwa kazi, na mbunge gani hajaonekana jimboni tangu achaguliwe.

Mchezo unaishughulisha mikono, ulimi unabaki huru. Hili nalijua pia kwa kazi yangu. Mgonjwa nikimkalia mbele na fomu na kumuuliza "unajisikiaje?", atanijibu "niko sawa". Nikiwa namfunga mkanda wa kupimia presha, macho yangu yako kwenye mashine, ndipo ananiambia kwamba hajalala siku nne na kwamba mwanawe hampigii simu. Watu wengi husema ya moyoni wasipotazamwa. Ndiyo maana mdogo wangu aliniambia kwamba amepunguzwa kazini katikati ya mchezo, huku anarekebisha nyaya za chombo cha anga. Kwenye simu ya kawaida alikuwa ananiambia mambo ni shwari, kwa kuwa aliogopa nitadhani anaomba pesa.

Wengine huona mazungumzo ya kwenye gemu ni upuuzi wa watoto. Wanasiasa hawaoni hivyo. Tarehe 20 Oktoba 2020, siku chache kabla ya uchaguzi wa Marekani, wabunge Alexandria Ocasio-Cortez na Ilhan Omar walicheza Among Us hiyohiyo hadharani kuwahimiza vijana wakapige kura, na watu zaidi ya 400,000 walikuwa wanawatazama kwa wakati mmoja. Ilhan Omar ni jirani yetu, mzaliwa wa Mogadishu, aliyeishi kambi ya wakimbizi nchini Kenya akiwa mtoto.

Na serikali nazo haziyaoni hivyo. Oktoba 2024 Urusi na Uturuki ziliifunga Discord ndani ya wiki moja. Tarehe 4 Septemba 2025 Nepal iliamuru kufungwa mitandao 26, Discord ikiwemo. Siku nne baadaye vijana waliingia barabarani, 19 wakauawa siku hiyo moja, na tarehe 9 waziri mkuu K.P. Sharma Oli akajiuzulu. Kisha likatokea jambo la ajabu: vijana walikutana kwenye chumba cha Discord chenye wanachama zaidi ya 100,000, wakajadiliana nani aongoze kwa muda, wakapiga kura humohumo, na jina lililoongoza, la jaji mkuu mstaafu Sushila Karki, ndilo lililoapishwa tarehe 12. Vijana wa Morocco nao walijipanga humohumo mwishoni mwa mwezi huohuo.

Wengi walishangilia. Mimi nilishangilia, lakini kuna kitu kilinikwama kooni. Kura ile ilipigwa na nani? Mtu yeyote duniani angeweza kuingia mle na jina la kubuni akapiga kura. Kwenye kijiwe cha baba yangu mtu mgeni akikaa, kabla ya kupewa kahawa anaulizwa: "Kijana, wewe wa wapi? Mtoto wa nani?" Hapo ndipo kijiwe chetu cha kwenye gemu kinapotofautiana na kile cha kahawa, na hapo ndipo lilipo deni langu.

Mapema 2024 aliingia kwetu kijana mmoja, rafiki wa rafiki wa mdogo wangu. Jina lake la mchezoni lilikuwa Dagaa Mchele. Alikuwa anacheza kwa kompyuta ambayo feni yake ililia kama trekta, na nyuma yake palikuwa na jogoo asiyejua saa, maana aliwika saa 7 usiku bila aibu. Aliniita Dada Nesi. Alikuwa mkali wa kugundua uongo: anakusikiliza unavyojitetea, ananyamaza kidogo, halafu anasema, "Dada Nesi, mbona umevuta pumzi?" Na kweli nilikuwa mimi msaliti.

Usiku mmoja wenzetu walikuwa wameshatoka, akabaki. Akaniuliza kuhusu mama yake. Ana kisukari, ana kidonda mguuni, hakisikii dawa. Nilimwambia yale ninayowaambia wagonjwa wangu: asitembee peku, miguu ikaguliwe kila siku hata kama haiumi, na kidonda kile kisikae nyumbani, kipelekwe kliniki WIKI HII, siyo ya kesho kutwa. Wiki iliyofuata aliniletea majibu: wamekwenda, kinasafishwa. Baada ya hapo kila Jumanne nilianza kwa kumuuliza, "Mguu wa mama?" Naye hujibu, "Unaendelea, Dada Nesi, anakusalimia." Mama ambaye sijawahi kumwona, na jina lake silijui, alikuwa ananisalimia kila wiki.

Jumanne tarehe 28 Oktoba 2025 tulicheza kama kawaida. Huku kwetu saa zilikuwa zimeshabadilishwa, kwa hiyo tulipokuwa tunakaribia saa 5 usiku, kwao Tanzania ilikuwa imeshaingia siku ya uchaguzi. Raundi ya mwisho tulimtuhumu Dagaa Mchele. Alijitetea, hatukumsikiliza, tukamtoa kwa kura sita. Gemu likaonyesha hakuwa msaliti. Akacheka, akasema, "Mmenitoa bila ushahidi. Nakata rufaa, itasikilizwa Jumanne." Mdogo wangu akamjibu, "Kwa uchaguzi huu hakuna mahakama ya rufaa, kaka." Tulicheka sote, kwa kuwa kila Mtanzania anajua Katiba yetu inasemaje kuhusu kupinga mahakamani matokeo ya urais.

Kilichofuata mnakijua. Tarehe 29 intaneti ilizimwa nchi nzima. Dar es Salaam iliwekewa amri ya kutotoka nje kuanzia saa 12 jioni. Mimi nilikuwa zamu ya usiku. Kila nikipata dakika nilifungua simu kutazama orodha ya wenzetu: kwenye Discord mtu akiwepo kuna kitone cha kijani karibu na jina lake, akiondoka kinakuwa cha kijivu. Wa Sweden kijani. Wa Minnesota kijani. Wa nyumbani wote kijivu. Nimewahi kutazama mashine za wagonjwa mahututi usiku kucha, najua kutazama kitone kidogo cha taa na kukiomba kibadilike. Sikuwahi kufikiria ningekitazama hivyo kitone cha gemu.

Ijumaa mdogo wangu alinipigia simu ya kawaida, siyo ya mtandao. Ilikuwa dakika moja. "Dada, niko salama, mama yuko salama, tuko ndani, usipige-pige." Akakata. Nilikaa chini kwenye korido ya hospitali nikalia, mwenzangu wa Kifilipino akanishika bega bila kuuliza.

Jumamosi yakatangazwa matokeo ya asilimia 97.66. Jumatatu tarehe 3 Novemba rais akaapishwa Dodoma, na siku hiyohiyo intaneti ikaanza kurudi. Vitone vikaanza kuwaka kimoja kimoja. Kesho yake Jumanne hatukucheza, tulikaa tu chumbani kwetu cha sauti, wengine hata hawasemi, unasikia pumzi. Tukahesabiana. Tukakuta mmoja hayupo.

Wiki iliyofuata hayupo. Mwezi uliofuata hayupo. Nikamuuliza mdogo wangu, "Dagaa Mchele anaitwa nani?" Akasema hajui. Yule rafiki aliyemleta? Naye alimpata kwenye gemu jingine. Anaishi wapi? Mmoja anadhani Mwanza, mwingine anadhani Mbagala. NAMBA YA SIMU? Hakuna mwenye nayo.

Sisemi ameuawa. Sitaki kusema nisilolijua. Ofisi ya Haki za Binadamu ya Umoja wa Mataifa ilisema Novemba 2025 kwamba taarifa ilizozipata zinaonyesha mamia ya watu waliuawa katika siku zile, na serikali yenyewe iliunda tume ya uchunguzi mwezi huohuo. Lakini kijana wetu huenda aliuza ile kompyuta akamtibu mama. Huenda feni ilikufa. Huenda alichoshwa na kutolewa bila ushahidi. Ninachosema ni kwamba mimi, muuguzi, ambaye kazini simpi mtu hata kidonge cha maumivu kabla ya kusoma jina lake kwenye bangili ya mkononi, na ambaye kila mgonjwa anayelazwa namuuliza ndugu yake wa karibu ni nani na namba yake ya simu, nilikaa na mtu huyu karibu miaka miwili, nikajua kidonda cha mama yake, nikajua jogoo wake, na sikuwahi kumuuliza jina. Hata nikitaka kumtafuta, nitakwenda kumuulizia nani? Nitasema natafuta Dagaa Mchele?

Nilipomlalamikia mdogo wangu, alinijibu jibu ambalo sijaweza kulivunja mpaka leo. Alisema: "Dada, wewe uko London. Huku kwetu jina ndilo linalotafutwa." Na ana haki. Amekulia katika nchi ambayo mwaka 2020 laini ya simu isiyosajiliwa kwa alama za vidole ilizimwa. Mwaka 2023 watumiaji wa VPN wakatakiwa kujisajili. Mei 2025 mtandao wa X ukafungwa. Septemba 2025 JamiiForums ikasimamishwa siku 90. Amesikia habari za watu waliochukuliwa na "watu wasiojulikana". Kijana wa namna hiyo akijiita Dagaa Mchele anajikinga, hafanyi utoto.

Wala huku kwa wenzetu si salama kama tunavyojidai. Tangu Julai 2025, kwa sheria ya usalama mtandaoni ya Uingereza, baadhi ya vyumba hukufungukii mpaka uthibitishe umri wako, kwa sura au kwa kitambulisho. Nia ni kuwalinda watoto, na mimi kama mzazi naielewa. Lakini Oktoba mwaka huohuo Discord ilitangaza kwamba picha za vitambulisho vya watu wapatao 70,000 huenda zimefikiwa na wadukuzi kupitia kampuni iliyokuwa inaihudumia. Kwa hiyo tunabanwa pande mbili: serikali inataka jina ili ikuone, kampuni inataka kitambulisho na haiwezi kukitunza.

Hata hivyo nasema kuna tofauti kubwa kati ya KUSAJILIWA na KUJULIKANA. Anayekusajili anataka uwe mahali anapoweza kukufikia akikuhitaji yeye. Anayekujua anataka awe mahali unapoweza kumfikia ukimhitaji wewe. Mzee wa kijiweni aliyeuliza "wewe mtoto wa nani" hakuandika popote. Aliliweka kichwani, na siku usipofika alimtuma mtoto nyumbani kwenu kuuliza kulikoni. Tumekimbia kusajiliwa, na katika kukimbia tumeacha na kujulikana. Hapo ndipo kosa letu lilipo.

Kwa hiyo ninayo mapendekezo matatu, na nitafurahi mkiyapinga kwa hoja.

Kwanza, kila kijiwe cha namna hii, kiwe cha gemu, cha sauti au cha kusali pamoja, kiwe na mtu mmoja anayeaminiwa na wote, ikiwezekana aliye nje ya nchi, na kila mwanachama kwa hiari yake ampe kitu kimoja tu: namba ya simu ya ndugu mmoja. Siyo jina lake mwenyewe kama hataki. Namba ya mama, ya shangazi, ya jirani. Iandikwe kwenye daftari, kwa kalamu, isipigwe picha, isitumwe popote. Intaneti ikizimwa, simu ya kawaida ya dakika moja inaweza kupita, kama ilivyopita ya mdogo wangu. Sisi tumeshafanya hivyo. Daftari liko kwangu, limo ndani ya kabati la sahani. Wawili walikataa, na tumewaheshimu. Jumanne wanakuja kama kawaida.

Pili, wazazi wenzangu wa ughaibuni, acheni kuyaona mazungumzo ya kwenye gemu kuwa ni uhuni wa kufungiwa tu, na acheni pia kuyaacha bila mtu mzima. Mtoto akiwa amevaa hedifoni yuko kijiweni. Kaa naye siku moja, cheza vibaya, ucheke, umjue anaongea na nani. Na kama kuna binamu zake nyumbani wenye simu tu, waunganishe. Mwanangu amejifunza Kiswahili cha kujitetea kwenye kikao cha gemu kuliko alichojifunza kwangu kwa miaka tisa.

Tatu, na hili ni la siasa waziwazi. Wanaozima intaneti wakati wa uchaguzi wanasema wanalinda amani. Uganda ilizima Januari 2021, Kongo ilizima siku 20 kuanzia Desemba 31, 2018, Tanzania ikazima Oktoba 2025, na kila mara maelezo yanafanana. Sisi tulioko nje tunasifiwa kila bajeti kwa pesa tunazotuma. Basi tuseme kwa sauti moja, kwa wabunge wa nyumbani na kwa balozi zetu: waya mnaoukata ndio huohuo unaopitisha habari za mguu wa mama. Kampuni ya biashara ilibomoa ukuta wake kwa sababu wateja walinuna. Sisi ni zaidi ya wateja, ni wenye nyumba. Tukinyamaza leo, uchaguzi ujao tutakuwa tena tunatazama vitone vya kijivu.

Najua watakaosema nesi huyu ameacha wagonjwa anahubiri magemu. Sawa. Mcheki, halafu mfungue simu zenu na kuhesabu: kati ya watu mnaoongea nao kila wiki usiku kwa usiku, wangapi mnazijua sauti zao na hamjui pa kuwaulizia? Mtanijibu hapahapa.

Na wewe Dagaa Mchele, kama unasoma huku kwa jina jingine, sihitaji unijibu wala unitajie uko wapi. Jumanne bado tupo, saa ileile. Nataka kujua mguu wa mama. Rufaa yako tuliisikiliza sote wiki ile hukuja, na umeshinda.

Naomba kuwasilisha.

Dada Nesi, London